Louis Brody na mkasi wa filamu bubu

Katika filamu ya Fritz Lang iitwayo Der müde Tod, yaani "Kifo Kilichochoka", iliyoingia kwenye majumba ya sinema ya Berlin mwezi Oktoba 1921, kuna hadithi ndogo inayotokea Venice wakati wa sherehe za vinyago. Monna Fiametta, binti wa tabaka la juu aliyeposwa na mwanamume asiyempenda, anapanga kumuua mchumba huyo ili abaki na kipenzi chake. Barua zinageuzwa njiani, kipenzi anafika mahali alipotarajiwa mchumba, uso wake ukiwa umefichwa na kinyago, na binti anapambana naye kwa upanga bila kujua ni nani. Ndipo mtumishi wake mweusi, ambaye hadithi inamwita Mmoori tu, neno la kale la Wazungu kwa Mwafrika, bila kumpa jina, anamjia kijana kutoka nyuma na kumchoma kwa silaha yenye sumu. Binti anatambua aliyeuawa ni nani, na kuanzia hapo hadithi yote ni ya majonzi yake. Mtumishi amemaliza kazi aliyoletewa, wala haulizwi lolote tena.

Mtumishi huyo aliigizwa na Louis Brody, mzaliwa wa Douala nchini Kameruni. Nimeirudia sehemu hiyo mara nyingi, nikisimamisha picha na kuiendesha polepole, kwa sababu naamini kwamba katika sekunde zile chache kuna jambo kubwa kuliko ukatili wa mtumishi wa kubuni. Miezi mitano kabla ya Wajerumani kumwona Brody akichoma watu mgongoni katika kumbi za sinema, walikuwa wamemsoma gazetini akiwaomba wenzake wa Berlin waache kuwashambulia Waafrika barabarani. Kazi hizo mbili, ya uso na ya kalamu, zilifanywa na mtu mmoja katika mwaka mmoja, na hoja yangu katika makala hii ni kwamba hakuna anayeweza kuipima safari ya Brody kwa haki ikiwa anaitazama moja na kuiacha nyingine. Wengi wanaomtaja, na ni wachache kwa kweli, humhesabu kwa urefu wa nafasi alizopewa. Kipimo hicho kilitengenezwa na watu waliomkata kwenye mikanda ya filamu.

Alizaliwa tarehe 15 Februari 1892 na jina lake lilikuwa Ludwig M'bebe Mpessa. Kameruni ilikuwa koloni la Ujerumani tangu 1884, na familia za Waduala wa pwani, ambao kwa muda mrefu walikuwa madalali wa biashara kati ya bara na meli za Ulaya, walikuwa na desturi ya kupeleka vijana Ujerumani kusoma au kujifunza ufundi. Vijana hao walikwenda wakiamini kwamba lugha na elimu ya mkoloni zingewapa mahali pa kusimama mbele yake. Historia iliwajibu kwa namna ya kutisha. Rudolf Duala Manga Bell, mtawala wa Waduala aliyekuwa amesoma Ujerumani na aliyepinga kwa barua na kwa wanasheria mpango wa kuwanyang'anya watu wake ardhi yao mjini Douala, alinyongwa na serikali ya Wajerumani tarehe 8 Agosti 1914. Mwaka uliofuata, 1915, kijana Mpessa akawa ameanza kuonekana katika filamu za Joe May akiwa Ujerumani. Siwezi kuzisoma tarehe hizi mbili zikiwa mbalimbali. Mtu aliyesimama mbele ya kamera alikuwa anatoka katika mji ambao mwanawe mashuhuri kuliko wote alikuwa ametoka kuuawa na dola ya nchi ileile iliyomtumia yeye kama burudani.

Hata jina lake lilipita kwenye mkasi. Katika orodha za waigizaji anaandikwa Louis Brody, pengine Lewis Brody, pengine Lovis Brody, na kuna orodha zinazomtaja kwa jina la Mpessa. Jina lenye mlio wa Kiingereza lilikuwa na faida sokoni, kwa kuwa mtazamaji wa Berlin alimfikiria msanii mweusi kuwa Mmarekani wa kumbi za muziki kabla ya kumfikiria Mduala. Lakini faida ya leo ni hasara ya kesho. Mwandishi wa kumbukumbu anayetafuta jina moja anampoteza mtu katika matatu mengine, na ndivyo kazi ya miaka 35 inavyoweza kutawanyika kama mchele uliomwagika mchangani.

Filamu za Ujerumani zilimhitaji kwa sababu iliyo wazi. Vita ilikuwa imefunga mipaka, filamu za Ufaransa na Uingereza hazikuingia tena, na kampuni za Berlin zikapata soko lote la nyumbani kwa mkupuo. Baada ya kushindwa vitani na kupokonywa makoloni kwa Mkataba wa Versailles wa 1919, watazamaji walitaka kusafiri kwa macho kwenda kule ambako pasi zao na fedha zao zisingewafikisha. Joe May akawajengea dunia nzima karibu na Berlin. Kwa ajili ya Die Herrin der Welt, filamu ya sehemu 8 iliyoanza kuonyeshwa mwishoni mwa 1919 huku mkewe Mia May akiwa mhusika mkuu, mahekalu na miji ya Asia na Afrika ilisimamishwa kwa mbao na plasta huko Woltersdorf. Mandhari ya namna hiyo ilihitaji watu wa kuijaza, na Waafrika, Waasia na Waarabu waliokuwa wakiishi Berlin na Hamburg wakaitwa kwa siku, wakavishwa, wakalipwa na kurudishwa nyumbani. Brody alikuwa miongoni mwa wachache waliotoka katika umati huo wakapata uhusika unaoonekana na jina kwenye orodha. Si jambo dogo. Kati ya kuwa mmoja wa watu 100 wanaokimbia nyuma ya tembo na kuwa yule mmoja ambaye kamera inamsogelea, kuna kazi, kipaji na ubishi wa muda mrefu.

Hapa inafaa kusema kidogo jinsi filamu bubu ilivyotengenezwa, kwa sababu bila hilo hatuwezi kujua kilichomo mikononi mwa mwigizaji na kilichomo mikononi mwa wengine. Picha zikishapigwa, mikanda ilipelekwa mezani kukatwa na kuunganishwa. Mwongozaji alikuwa na neno la mwisho, lakini kazi ya mikono ilifanywa kwa sehemu kubwa na wanawake waliokaa na mkasi na gundi, wakipima mkanda kwa jicho dhidi ya taa, na majina yao hayakuandikwa popote. Hao nao ni watu wa historia hii. Mezani pale ndipo ilipoamuliwa kama uso wa mtumishi utabaki kwa pumzi mbili au nusu pumzi, kama tutaona anasitasita kabla ya kuinua mkono au tutaona mkono tu. Kisha yakaingizwa maandishi ya katikati, yale mabango meusi yenye herufi nyeupe ambayo yaliwapa wahusika maneno. Mwigizaji wa filamu bubu hakuwa na sauti, lakini baadhi yao walipewa mabango. Watumishi hawakupewa, au walipewa machache. Kwa hiyo ububu wa Brody ulikuwa wa aina mbili: ule wa teknolojia, aliougawana na kila mwigizaji wa zama zake, na ule wa hadithi, ambao ulimhusu yeye na waliofanana naye.

Ndiyo maana namtazama kwa makini pale anapopata nafasi ya kupumua. Filamu ya Robert Wiene iitwayo Genuine ilitoka mwaka 1920, miezi michache baada ya mwongozaji huyohuyo kutikisa dunia ya sinema kwa Das Cabinet des Dr. Caligari. Brody anacheza mtumishi anayeitwa Mmalai, kana kwamba ngozi nyeusi ya Douala ni rangi ya jumla inayoweza kupakwa juu ya taifa lolote la mbali. Bibi wa nyumba, Genuine, mwanamke aliyenunuliwa sokoni na kufungiwa katika jumba la tajiri mzee, anamwamuru mtumishi amuue kijana Florian na kumletea kikombe cha damu yake kama ushahidi. Mtumishi hatii. Anamwacha kijana aende zake, kisha anarudi na kikombe chenye damu yake mwenyewe.

Tuitazame hadithi hiyo bila kuipita haraka. Katika nyumba ile yenye kuta zilizochorwa na César Klein kwa mistari iliyopinda na mimea isiyo na jina, ambako kila mmoja amerukwa na akili kwa tamaa, mtu pekee anayefanya uamuzi wa uadilifu ni yule ambaye hadithi haikumpa jina. Na anaufanya kwa mwili, kwa sababu hakupewa maneno. Sisemi kwamba Wiene alikusudia kumtukuza mtumishi mweusi. Hadithi iliyoandikwa na Carl Mayer ilimhitaji tu mtu wa kumwokoa Florian ili kisa kiendelee. Lakini mwigizaji mwenye akili hupokea hitaji la kisa na kulijaza utu, na Brody alikuwa mwigizaji mwenye akili. Kwa miaka mingi filamu hii ilizunguka ikiwa imefupishwa hadi takriban dakika 43, na kila aliyeitazama katika umbo hilo alikuwa anatazama chaguo la mtu mwingine kuhusu nani anaweza kupunguzwa bila hasara. Wanaopunguzwa kwanza hujulikana.

Sasa turudi kwenye Mei 1921. Tangu kumalizika kwa vita, majeshi ya Ufaransa yalikuwa yameikalia Rhineland, eneo la magharibi mwa Ujerumani, na ndani ya majeshi hayo walikuwamo askari kutoka Afrika Magharibi, Afrika Kaskazini na Madagaska. Kampeni kubwa ikazuka Ujerumani na nje yake, ikiitwa "aibu nyeusi", iliyomchora askari Mwafrika kama mnyama aliyefunguliwa minyororo dhidi ya wanawake wa Kizungu. Magazeti, mabango, medali za kuchongwa, mikutano ya hadhara, hata filamu, vyote viliimba wimbo huo, na waliouimba hawakuwa watu wa mrengo wa kulia peke yao. Matokeo yake yalimwangukia Mwafrika aliyekuwa karibu: mpiga ngoma wa mgahawani, fundi, mwigizaji, baba anayerudi nyumbani na watoto wake. Watu hawa hawakuwa askari wa Ufaransa. Wengi wao walitoka Kameruni, Togo na Afrika Mashariki ya Wajerumani, na baada ya Versailles walikuwa wamebaki hewani, kwani koloni lililowafanya raia wa daraja la chini wa Ujerumani lilikuwa limekwenda kwa Waingereza na Wafaransa, na Ujerumani yenyewe haikuwa tayari kuwapa uraia kamili.

Tarehe 24 Mei 1921 gazeti la Berlin, B.Z. am Mittag, likachapisha barua ya Brody kuhusu watu weusi wa Ujerumani na ile "aibu nyeusi". Aliandika akiwa mwakilishi wa chama cha kusaidiana cha Waafrika kilichoanzishwa Hamburg mwaka 1918. Alieleza kwamba Waafrika waishio Berlin na miji mingine wanatukanwa na kupigwa kwa sababu ya kampeni hiyo, akawakumbusha wasomaji kwamba watu wa makoloni ya zamani si maadui wa Ujerumani, na akataka watofautishwe na jeshi la Rhineland. Kuna wachambuzi wanaoikosoa barua hiyo kwa kuegemea mno kwenye uaminifu kwa Ujerumani, kana kwamba Mwafrika anapaswa kwanza kuthibitisha kuwa mtiifu ndipo aruhusiwe kutembea barabarani bila kupigwa. Ukosoaji huo una uzito, nami siutupi. Kuwatenga askari wa Senegali ili kujiokoa wewe ni hoja inayouma, kwa sababu kosa la kampeni ile halikuwa kuwachanganya Waafrika wema na wabaya, lilikuwa kusema uongo juu ya wote.

Hata hivyo, naipima barua hiyo kwa mazingira yake. Aliyeiandika hakuwa mhadhiri wala mwanasiasa mwenye kinga. Alikuwa mwigizaji ambaye mkate wake wa kesho ulitegemea waongozaji na wazalishaji waliosoma gazeti lilelile. Kila uhusika aliopewa ulitegemea dhana kwamba mtu mweusi ni kitu cha kuogofya au cha kushangaza, na yeye akachukua kalamu kusema hadharani kwamba dhana hiyo inaumiza watu halisi kwenye barabara halisi. Kujitokeza kwa jina lake kulikuwa na gharama ambayo sisi tunaoandika leo tukiwa tumekaa vizuri hatuilipi. Halafu Oktoba ikafika, Mmoori akainua mkono wake Venice, na watazamaji walewale wakashtuka kama walivyotakiwa kushtuka.

Je, alikuwa akijenga kwa mkono mmoja na kubomoa kwa mwingine? Swali hili ndilo linaloulizwa mara nyingi kuhusu waigizaji weusi wa zama hizo, na jibu la wepesi ni methali: mchagua jembe si mkulima. Soko lilikuwa na jembe moja, naye alilitumia. Nalikubali jibu hilo nusu. Nusu inayobaki ni kwamba Brody hakukaa akingoja jembe jingine liletwe, alijaribu kulifua mwenyewe. Alikuwa mwanamieleka, mwimbaji, mpigaji ngoma na mtu wa jukwaani, kwa hiyo hakuwa mateka wa filamu peke yake. Mwaka 1929 alikuwa miongoni mwa Waafrika wa Berlin waliounda tawi la Ujerumani la umoja wa kutetea watu weusi, pamoja na Mkameruni mwenzake Joseph Bilé, ambao ulikuwa na uhusiano na harakati za Paris na za wakomunisti dhidi ya ukoloni. Ukilinganisha na barua ya 1921, unaona mtu aliyesogea. Yule aliyekuwa akiomba Waafrika wa Ujerumani watofautishwe na wengine sasa alikaa katika chombo kilichosema kwa niaba ya watu weusi wote.

Na mwaka 1930 akapandisha jukwaani Berlin onyesho la muziki na maigizo lililoitwa Sonnenaufgang im Morgenland, "Macheo katika Nchi ya Mashariki", likichezwa na kundi la Waafrika. Onyesho hilo halikupata nafasi ya kudumu katika historia ya tamthilia ya Ujerumani, ambayo imejaa majina makubwa ya miaka hiyohiyo, lakini kwangu mimi ndilo tukio zito kuliko yote katika safari yake. Kwa miaka 15 alikuwa amevikwa nguo zilizoshonwa na wengine. Usiku ule yeye ndiye aliyeamua nani aingie jukwaani, aseme nini, na lini taa izimwe. Kwa lugha ya filamu, alikuwa ameshika mkasi.

Kisha vikaja vitu viwili kwa kufuatana: sauti na Wanazi. Filamu ya sauti ingeweza kumfungulia mlango, kwani Kijerumani chake kilikuwa cha mtu aliyekaa nchini humo tangu ujana. Haikumfungulia. Kuanzia 1933 Waafrika waliokuwa na pasi za Kijerumani walianza kunyang'anywa na kupewa hati za wageni wasio na taifa, ajira zikawakimbia, majukwaa yakafungwa moja baada ya jingine, na kazi iliyobaki ikawa ileile ya filamu, safari hii kwa ajili ya propaganda ya kuyadai makoloni. Mwaka 1934 Herbert Selpin aliongoza Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, kisa cha walowezi wa Kijerumani wakati wa Vita vya Kwanza katika nchi ambayo leo ni Tanzania. Brody akapewa uhusika wa mtumishi wa shambani anayeitwa Hamissi. Mduala aliyekwisha kuwa Mmoori na Mmalai sasa akawa Hamisi wa pwani yetu.

Katika filamu hiyohiyo alikuwamo mtu ambaye msomaji wa Kiswahili angepaswa kumjua kwa jina kama anavyowajua mashujaa wa shuleni. Bayume Mohamed Husen alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, akaingia vitani akiwa mtoto upande wa Wajerumani pamoja na baba yake askari, na mwaka 1929 akafika Berlin kudai mishahara ambayo wao wawili hawakulipwa. Madai yake yalikataliwa. Akabaki, akawa mhudumu katika jumba kubwa la starehe la Haus Vaterland, akawafundisha Wajerumani Kiswahili chuoni, na akaigiza katika filamu zaidi ya 20. Katika Die Reiter yeye ni Mustapha, kijana anayefundishwa ishara za jeshi. Picha inayowaweka pamoja Husen na Brody inatuonyesha jinsi Afrika ya sinema ya Kijerumani ilivyokuwa haina anwani: kijana wa Dar es Salaam na mtu mzima wa Douala, ambao nyumbani kwao kungetenganishwa na bara zima na lugha zisizofahamiana, wamevikwa kanzu moja ili wawe "wenyeji" wa mahali pamoja. Husen peke yake ndiye aliyekuwa anacheza watu wa kwao.

Selpin huyohuyo mwaka 1941 akaongoza Carl Peters, Hans Albers akiwa nyota, filamu ya kumsafisha Peters, mkoloni ambaye wazee wa Tanganyika walimwita Mkono wa Damu. Wafungwa wa vita Waafrika waliotekwa kutoka jeshi la Ufaransa walitolewa makambini kuja kuwa umati. Brody aliigiza humo, na Husen akawa Ramasan, mtumishi mwaminifu wa Peters. Mwaka huohuo Husen alikamatwa kwa sababu ya uhusiano wake na mwanamke wa Kijerumani, akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen bila kufikishwa mahakamani, na akafia huko tarehe 24 Novemba 1944. Tangu 2007 kuna jiwe dogo lenye bamba la shaba lililopachikwa barabarani mbele ya nyumba alimoishi Brunnenstrasse, Berlin. Katika miaka hiyo Brody aliendelea kufanya kazi: Ohm Krüger mwaka 1941, Germanin mwaka 1943. Tangu 1938 alikuwa amemwoa Erika Diek wa Danzig, binti wa Mkameruni Mandenga Diek, na walikuwa na mtoto. Atakayemlaumu kwa kuonekana katika filamu hizo na aitazame kwanza njia iliyompeleka Husen Sachsenhausen. Kwa Mwafrika wa Berlin mwaka 1941, kuwa na faida kwa kampuni ya filamu kulikuwa ni kati ya vitu vichache sana vilivyosimama kati yake na polisi.

Lakini pia sitaki utetezi huo uifunike kazi yenyewe. Tunapomwita Brody mwathirika tu, tunamrudisha kwenye umati wa Woltersdorf ambao alitumia nguvu nyingi kutoka. Alijua ufundi wake. Alijua namna ya kusimama ili macho ya mtazamaji yaende kwake hata pale mwongozaji alipoyataka yaende kwa nyota, na hilo linaonekana wazi katika filamu bubu kuliko zile za sauti, kwa sababu ndani ya filamu bubu nyota na mtumishi walitumia silaha moja: bega, shingo, mkono, macho. Alipopewa sauti, alipewa maneno ya watumishi, na maneno hayo yakampunguza. Kwangu mimi kilele cha uigizaji wake kiko kati ya 1919 na 1921, na baada ya hapo kilele chake kiko nje ya filamu.

Kinachosikitisha ni kidogo cha kutazama kilichobaki. Mikanda ya zama zile ilitengenezwa kwa nitreti, kitu kinachoshika moto upesi na kuoza chenyewe kikihifadhiwa vibaya, na sauti ilipoingia kampuni nyingi ziliona heri kuichenjua yapatikane madini ya fedha yaliyomo ndani yake kuliko kuitunza. Filamu nyingi za Brody zimekwisha kwa njia hiyo. Kwa baadhi ya filamu za wakati huo kimebaki kipande cha karatasi: kadi ya ukaguzi, iliyotolewa na bodi za Berlin na München chini ya sheria ya filamu ya Mei 1920, yenye urefu wa mkanda kwa mita na maandishi yote ya katikati. Ni hazina kwa anayetaka kuijenga upya filamu iliyopotea, lakini kadi hizo zinahifadhi yaliyosemwa kwa mabango. Mhusika asiyekuwa na bango hapatikani ndani yake. Mkanda ukishaungua, mtumishi aliyekuwa anasema kwa bega na macho anatoweka kabisa, ilhali bwana wake anabaki na sentensi zake.

Kwa sababu hiyo nadhani watunzaji wa filamu wana deni mahsusi kwa waigizaji wa namna hii, na deni hilo halilipwi kwa kusafisha picha peke yake. Der müde Tod ilirudishwa upya na taasisi ya Friedrich-Wilhelm-Murnau na kuonyeshwa katika tamasha la filamu la Berlin mwaka 2016, rangi zake za zamani zikiwa zimefanyiwa utafiti na kurejeshwa. Ni kazi iliyostahili sifa iliyopata. Jambo ambalo ningependa lifuate ni orodha inayokusanya majina yake yote, Brody, Lewis, Lovis na Mpessa, chini ya mtu mmoja, pamoja na barua ya Mei 1921 iwekwe karibu na filamu ya Oktoba 1921 kila zinapoonyeshwa kwa wanafunzi. Vijana wanaosomea filamu Dar es Salaam, Nairobi au Kinshasa hufundishwa Lang na Wiene kama mababu wa sinema. Wafundishwe pia kusimamisha picha pale Venice na kuuliza aliyeshika ile silaha ni nani, alitoka wapi, na mwaka ule aliandika nini.

Baada ya vita Brody aliendelea kutafuta riziki kwa uigizaji na jukwaa katika Berlin iliyobomolewa. Alifariki mjini humo tarehe 11 Februari 1951, zikiwa zimebaki siku 4 atimize miaka 59.